Diokno: Seneta Aliyejua Kuondoka

Huko Ufilipino kiti cha Bunge hurithiwa kama shamba. Baba akimaliza vipindi vyake, mama hugombea. Mama akichoka, mtoto wa kwanza yuko tayari, na mdogo wake tayari ni meya wa mji. Marcos, Aquino, Macapagal, Roxas, Laurel, Osmeña: majina hayo yamekuwa kwenye karatasi za kura tangu enzi za mababu. Katiba ya 1987 inaitaka dola izuie koo za kisiasa kama sheria itakavyofafanua. Kazi ya kufafanua ikaachiwa wabunge, ambao wengi wao ni watoto wa koo hizohizo, na kwa zaidi ya miongo mitatu hawakuifanya. Nani atajikata mkono mwenyewe?

Ukoo wa Diokno wa mkoa wa Batangas nao ni wa kisiasa, tena wa siku nyingi. Babu alikuwa jenerali, baba seneta na jaji, mwana seneta na waziri. Lakini ukisoma habari zao jambo moja linajitokeza: watu hawa wanakumbukwa zaidi kwa nafasi walizotoka, au walizotolewa, kuliko kwa zile walizokalia. Nitakayemsimulia hasa ni José Wright Diokno, ambaye Wafilipino walizoea kumwita Ka Pepe. Ila kumwelewa yeye lazima tuanze na waliomtangulia.

Taal ni mji wa kale kusini mwa Manila, unaojulikana kwa kanisa lake kubwa la mawe, kwa visu vya kukunja viitwavyo balisong na kwa kahawa kali ya barako. Huko ndiko alikotoka Ananias Diokno, jenerali wa mapinduzi dhidi ya Wahispania, ambaye mwaka 1898 aliongoza msafara wa wapiganaji kuvuka bahari hadi visiwa vya Visayas na kupigana huko Panay. Wahispania walipoondoka wakaja Wamarekani, na Ananias akapigana nao pia, hadi walipomkamata.

Mwanawe, Ramón, akaacha bunduki akashika sheria. Mwaka 1946, Ufilipino ilipokuwa ndiyo kwanza inapata uhuru, Ramón Diokno alichaguliwa kuwa seneta kwa tiketi ya chama cha Nacionalista, kilichokuwa upinzani. Mbele ya Bunge hilo jipya kulikuwa na suala zito. Manila ilikuwa magofu baada ya vita, na Marekani ilikuwa tayari kulipa fidia ya hasara za vita kwa sharti: katiba ibadilishwe ili raia wa Marekani wapewe haki sawa na Wafilipino katika kuchimba madini, kukata misitu na kuendesha huduma za umma. Taifa changa likaambiwa, ukitaka saruji ya kujengea nyumba yako, tukabidhi na ufunguo.

Kubadili katiba kulihitaji robo tatu ya kura za wajumbe. Kwa maseneta 24, maana yake ni kura 18. Serikali haikuwa nazo. Basi kabla ya kura kupigwa, maseneta watatu wa upinzani, José Vera, José Romero na Ramón Diokno, walizuiwa kukaa vitini mwao kwa madai kwamba uchaguzi katika mikoa ya Luzon ya Kati ulijaa vitisho na udanganyifu. Wabunge kadhaa wa baraza la chini nao wakafanyiwa hivyohivyo. Hesabu ikageuka: wajumbe wakawa 21, na kura 16 zilizopatikana zikatosha. Kesi zikapelekwa Mahakama ya Juu, na majaji wakasema mahakama haiingilii mambo ya ndani ya Bunge. Mwaka 1947 wananchi wakapiga kura ya maoni, na haki za Wamarekani zikaingia katika katiba.

Mwaka 1946 Pepe alikuwa na miaka 24, tayari wakili. Aliona baba yake akichaguliwa na wananchi kisha akifungiwa mlango kwa hesabu iliyopangwa. Miaka yote iliyofuata, mambo mawili hayakumtoka kichwani: uchumi wa nchi kuwa mikononi mwa wenyewe, na mahakama kutothubutu.

Akili yake ilikuwa ya ajabu, na hapa sina budi kuisifu bila kupunguza. Alizaliwa tarehe 26 Februari 1922. Alisoma biashara katika Chuo cha De La Salle, na mwaka 1940, akiwa na miaka 18, akawa wa kwanza nchini katika mtihani wa wahasibu. Leseni ya kazi hakuweza kuipata papo hapo, umri haukuruhusu. Akaanza kusoma sheria Chuo Kikuu cha Santo Tomas. Vita vikaja, Wajapani wakaitwaa Manila, masomo yakakatika. Akaendelea kujisomea nyumbani, vitabu vikiwa vya baba. Mwaka 1944 aliomba ruhusa maalumu ya kufanya mtihani wa uwakili ingawa shahada ya sheria hakuwa nayo. Akashika nafasi ya kwanza, sare na kijana mwingine aliyeitwa Jovito Salonga, wote kwa alama 95.3. Jina la Salonga tutakutana nalo tena. Kuongoza mtihani wa uhasibu na wa uwakili pia, hilo Ufilipino halikuwahi kufanywa na mtu mwingine.

Kwa miaka kadhaa aliishi maisha ya wakili wa Manila, na yeye na mkewe Carmen wakapata watoto kumi. Siasa zilimfuata mwishoni mwa 1961, Diosdado Macapagal alipochaguliwa kuwa Rais kwa ahadi ya kuisafisha serikali. Macapagal alikuwa wa chama cha Liberal, lakini alimchukua Diokno, Mnacionalista, akamfanya Waziri wa Sheria. Uteuzi huo ulikaa vizuri magazetini. Shida ni kwamba waziri aliamini ahadi ya bosi wake.

Kulikuwa na Mmarekani aitwaye Harry Stonehill, aliyefika Ufilipino na jeshi la Marekani wakati wa vita, akabaki. Katika miaka kumi na kitu akawa na kampuni za tumbaku, sigara, vioo, pamba, ardhi na mengine mengi. Ilisemwa kwamba hapakuwa na mlango serikalini usiofunguka akibisha. Tarehe 3 Machi 1962 Diokno aliamuru msako. Maofisa wenye hati za upekuzi, 42 kwa jumla, waliingia katika ofisi na nyumba za Stonehill na wenzake na kutoka na shehena ya mafaili. Ndani yake mlikuwa na daftari la bluu. Ndani ya daftari yalikuwamo majina ya wanasiasa na maofisa wa vyama vyote viwili waliopokea fedha za Stonehill.

Fikiria jiji zima linalojua kwamba kuna daftari, na daftari liko mezani kwa Waziri wa Sheria, na waziri mwenyewe ni mhasibu anayejua kusoma hesabu. Simu ngapi zilipigwa wiki zile? Mwezi Mei, wakati mashtaka yakiandaliwa, Macapagal alimwondoa Diokno kwenye uwaziri. Mwezi Agosti akamfukuza Stonehill nchini. Kwa jicho la haraka ilionekana adhabu kali. Lakini Diokno alilalamika hadharani, na hoja yake ilikuwa nyepesi kueleweka: mtoa rushwa akishapandishwa ndege, shahidi mkuu dhidi ya wala rushwa hayupo tena. Kesi zikafa. Waziri alikuwa amekaa ofisini miezi mitano hivi.

Kisa hiki kina mkia, na kwangu mkia ni mtamu kuliko mwili. Stonehill na wenzake walikuwa wamekwenda mahakamani kupinga upekuzi. Hukumu ilitoka mwaka 1967, na jina la kesi mpaka leo ni Stonehill dhidi ya Diokno. Mahakama ya Juu ikasema hati zile zilikuwa za jumla mno: hazikutaja kosa mahususi, ziliruhusu kuchukua karibu kila karatasi. Ikatamka kwamba ushahidi uliopatikana kwa upekuzi haramu wa makazi ya mtu hauwezi kutumika dhidi yake. Kwa maneno mengine, Diokno alishindwa. Lakini kanuni iliyozaliwa katika kushindwa kwake ikawa ngao ya kila raia anayegongewa mlango usiku na askari, na baadaye yeye mwenyewe akawa miongoni mwa mawakili waliosimama nyuma ya raia hao.

Mwaka 1963 alirudi kwa wapiga kura na kuchaguliwa seneta kupitia Nacionalista. Katika mfumo wa Ufilipino seneta hana jimbo. Anachaguliwa na nchi nzima, kwa hiyo Seneti ndiyo njia ya kwenda Ikulu, na wengi humo huishi wakiitazama Ikulu. Diokno alijikita kwenye kamati ya uchumi. Kazi zake humo hazina msisimko wa daftari la bluu, na nitazipitia upesi: sheria ya vivutio vya uwekezaji ya 1967, iliyounda Bodi ya Uwekezaji na kupendelea kampuni ambazo angalau asilimia 60 ya mtaji wake ni ya Wafilipino, sheria ya vivutio vya mauzo ya nje ya 1970, na sheria ya 1971 ya kudhibiti kampuni za mafuta. Anayekumbuka yaliyompata Ramón mwaka 1946 ataona mwana alikuwa akilipa deni la baba, kifungu kwa kifungu. Mwaka 1969 wapiga kura wakamrudisha kwa kipindi cha pili.

Rais wakati huo alikuwa Ferdinand Marcos, wa chama chake mwenyewe. Usiku wa tarehe 21 Agosti 1971, chama cha Liberal kilikuwa na mkutano wa kuwatambulisha wagombea wake katika uwanja wa Plaza Miranda, Manila. Mabomu mawili ya mkono yalirushwa jukwaani. Watu tisa walikufa, na wagombea wote wanane wa useneta walijeruhiwa. Mmoja wao alikuwa Jovito Salonga, yule wa alama 95.3, ambaye alinusurika kwa tundu la sindano na kubaki na vipande vya chuma mwilini maisha yake yote. Nani alirusha, watu wanabishana hadi leo. Alichofanya Marcos hakina ubishi: aliwalaumu wakomunisti na kusimamisha haki ya mahabusu kufikishwa mahakamani. Sasa mtu aliweza kukamatwa na kuwekwa ndani bila jaji kuuliza kwa nini.

Diokno akajitoa Nacionalista. Hakuhamia Liberal, ingawa mlango ulikuwa wazi. Alibaki seneta asiye na chama, akawaongoza wananchi waliokuwa wakitetea uhuru wa raia, na Septemba 1972 alikuwa pamoja nao tena palepale Plaza Miranda, akionya kwamba sheria ya kijeshi iko njiani.

Ilikuwa njiani kweli. Usiku wa kuamkia tarehe 23 Septemba askari walimfuata nyumbani wakamchukua bila hati yoyote. Usiku huohuo Seneta Benigno Aquino, Ninoy, alikamatwa hotelini alikokuwa kwenye kikao cha kamati. Wahariri, wenye magazeti na wajumbe wa mkutano wa kuandika katiba mpya wakakusanywa vilevile. Seneti ikatiwa kufuli.

Mwezi Machi 1973 familia mbili zililetewa vifurushi. Nguo, vitu vidogo vya mwilini, miwani. Mtu asiyeona vizuri bila miwani anairudishaje nyumbani kwa hiari? Carmen Diokno na Corazon Aquino walielewa kama ambavyo mwanamke yeyote angeelewa, wakaanza kuzunguka kambi moja hadi nyingine wakiuliza. Hakuna aliyewajibu. Mawakili, mzee Lorenzo Tañada akiwa mbele, wakakimbilia Mahakama ya Juu.

Waume walikuwa wamefungwa pingu na vitambaa machoni, wakapakiwa kwenye helikopta, wakashushwa Fort Magsaysay huko Laur, mkoa wa Nueva Ecija. Walinzi hawakutumia majina yao. Aquino alikuwa Alpha, Diokno alikuwa Delta. Kila mmoja aliwekwa chumba chake kilichozibwa madirisha kwa mbao, kitanda cha chuma kisicho na godoro, taa inayowaka usiku na mchana. Ninoy alihofia chakula kuwa na sumu, akakonda hadi suruali ikamvuka, akawa anaishika kwa mkono. Hawakuonana. Walichoweza kufanya ni kuimba: mmoja anaimba chumbani mwake, na mwingine akisikia anajibu kwa wimbo, ili ijulikane kwamba upande wa pili wa ukuta bado kuna mtu hai. Maseneta wawili, mmoja kinara wa mitihani miwili ya taifa, mwingine aliyetazamiwa kuwa rais ajaye, wamebakiwa na hilo tu. Ilidumu mwezi mmoja hivi, kisha wakarudishwa Fort Bonifacio jijini Manila.

Kesi yao ya kudai kufikishwa mahakamani ilikuwa bado ikisubiri. Mwishoni mwa 1973 majaji wa Mahakama ya Juu waliapa kuilinda katiba mpya ya Marcos. Diokno, akiwa kizuizini, akachukua kalamu akaomba kesi yake iondolewe. Mantiki yake ilikuwa hii: nilikuja kuomba haki kwa mahakama ya katiba ya zamani, na mahakama hiyo haipo tena. Nikiendelea kuomba, nitakuwa nakubali kwamba hii ni mahakama. Mfungwa hana kitu cha kujiuzulu, lakini yeye alikipata: alijiuzulu kwenye kesi yake mwenyewe. Majaji wakagawanyika kuhusu kumruhusu.

Marcos ndiye aliyewatoa majaji kwenye kibano. Tarehe 11 Septemba 1974, siku ya kuzaliwa ya Rais, Diokno aliachiwa. Karibu miaka miwili ndani, bila shtaka hata moja. Siku sita baadaye mahakama ikatoa hukumu yake, ikaihalalisha sheria ya kijeshi. Ninoy alibaki gerezani, na yaliyompata yanajulikana duniani: hukumu ya kifo, ruhusa ya kwenda Marekani kutibiwa moyo, na risasi ya kichwa kwenye uwanja wa ndege wa Manila tarehe 21 Agosti 1983.

Mtu mwingine angetoka kizuizini na kwenda kupumzika. Diokno, akiwa na Tañada, Joker Arroyo na wenzao, mwaka uleule wa 1974 alianzisha FLAG, kundi la mawakili waliotetea bure waliokamatwa na jeshi, wakulima waliopokonywa ardhi, wafanyakazi waliofukuzwa kwa mgomo. Kwa kuwa hapakuwa na Seneti, hapo ndipo alipofanyia useneta wake. Ni maoni yangu, na sijaona sababu ya kuyabadili, kwamba miaka hii ndiyo kilele cha maisha yake, ingawa haina sheria hata moja yenye sahihi yake. Aliwafundisha mawakili vijana kwamba haitoshi kumtoa mkulima rumande. Uliza pia kwa nini anarudi huko kila msimu wa mavuno. Milimani kaskazini mwa Luzon, Wakalinga walipokuwa wakipinga mabwawa ya mto Chico, na kiongozi wao Macli-ing Dulag akauawa na askari Aprili 1980, mawakili wa aina hii ndio waliothubutu kupanda huko. Mwaka 1983 akaongoza pia muungano wa kupinga kambi za kijeshi za Marekani.

Mwaka 1984 aliambiwa ana saratani ya mapafu. Alikuwa mvutaji sigara mkubwa. Februari 1986 watu walijaa barabara ya EDSA, Marcos akakimbilia Hawaii, na mjane wa Ninoy, yule aliyezunguka kambi na Carmen wakitafuta waume zao, akawa Rais. Alimpa Diokno kazi mbili: kuongoza kamati ya Rais ya haki za binadamu, na kuwa mmoja wa wajumbe wa serikali katika mazungumzo na waasi wa kikomunisti. Mapigano yakasitishwa kwa siku 60 kuanzia tarehe 10 Desemba 1986.

Tarehe 22 Januari 1987 maelfu ya wakulima waliandamana kwenda Ikulu kudai ardhi. Walipofika daraja la Mendiola, vikosi vya serikali vikafyatua risasi. Watu 13 walikufa. Serikali hii haikuwa ya Marcos. Ilikuwa ya rafiki, ya mjane wa mtu aliyeimba naye kupitia ukuta. Diokno alikuwa mgonjwa taabani, na dunia nzima ingemwelewa kama angenyamaza. Akajiuzulu nafasi zote mbili. Tarehe 27 Februari 1987, siku moja baada ya kutimiza miaka 65, akafariki nyumbani kwake.

Mwaka huo Tume ya Haki za Binadamu ikaundwa chini ya Katiba ya 1987, kuendeleza kazi ya kamati aliyoiacha. Tarehe 16 Septemba 1991 Seneti, Rais wake akiwa Salonga, ilipiga kura 12 kwa 11 kuukataa mkataba wa kambi za Marekani, huku mzee Tañada akiangalia kutoka kwenye kiti cha magurudumu. Diokno angefurahi, hasa kwa kuwa safari hii hakuna aliyezuiwa mlangoni ili hesabu itimie.

Binti yake, Maria Serena, mwanahistoria, alikuwa mwenyekiti wa Tume ya Taifa ya Historia mwaka 2016, mwili wa Marcos ulipozikwa katika makaburi ya mashujaa. Akajiuzulu mwezi huohuo. Mwana wa Diokno, José Manuel, anayeitwa Chel, akiwa mwenyekiti wa FLAG aligombea Seneti mwaka 2019 na 2022, akashindwa mara zote mbili. Mwaka 2025 aliingia Baraza la Wawakilishi kupitia orodha ya chama cha Akbayan. Tangu Seneti ya baba yake ilipotiwa kufuli hadi wakati huo ilikuwa imepita zaidi ya miaka 52, na kiti hicho hakukirithi kwa mtu.